Salamu kwa Kanyoni

Ndugu zangu, kaeni niwasimulie yaliyoipata nyumba moja ya Rungwe Mpya, nyumba ambayo wengi wetu tulikuwa tukiitolea mfano tunapowasuluhisha wanandoa wengine. Msiseme ni habari za watu. Redio inaimba katika kila nyumba yetu sasa, na wivu haubishi hodi.

Tharsisi na mkewe Esteri walikuwa wakulima. Walikuwa na shamba la maharage na mihogo, migomba nyuma ya nyumba, na watoto wawili, mkubwa akiitwa Deborah. Jioni Esteri akisonga ugali wa muhogo, Tharsisi aliketi kwenye kigoda mlangoni pa jiko akimweleza habari za shambani, naye akimjibu bila kugeuka, mpaka chakula kikaiva. Hakuwa mlevi. Hakuwahi kumwinulia mkewe mkono. Mwanamke akilalamika kisimani juu ya mumewe, Esteri alikaa kimya, maana hakuwa na la kuchangia.

Msimu mmoja maharage yalitoa vizuri. Tharsisi alirudi kutoka Kasulu mjini juu ya bodaboda, amekumbatia redio aliyoifunga ndani ya koti lake kama mtoto mchanga. Ilikuwa ya sola, yenye paneli ndogo ya kuweka juu ya bati, na ilikuwa redio ya kwanza nyumbani mwao. Ilifika wakati ambao kituo kipya cha redio kilikuwa kimefunguliwa huku kwetu. Zamani redio zilituletea habari za mbali, watu wasiotujua wakizungumza mambo yasiyotuhusu. Sasa tulisikia Nyakitonto ikitajwa, tukasikia Rungwe Mpya ikitajwa, na mtu aliyesikia jina lake hewani alitembea siku nzima akijiona mrefu.

Kipindi kilichopendwa kuliko vyote kilikuwa cha salamu za jioni. Watu walituma ujumbe kwa simu, na mtangazaji, kijana mwenye sauti laini, akausoma kwa namna yake. Ukimletea salamu kavu za mjomba kwa shangazi, yeye alizitia sukari mpaka zikanoga kama maneno ya wachumba, kisha akapiga wimbo wa mapenzi. Tulimpenda kwa hilo, tusijidanganye. Hata nyumba ya Tharsisi ilichangamka. Jioni moja Tharsisi alimwiga yule kijana, akamwita mkewe "laazizi" kwa sauti ya kubana pua, na Deborah akacheka mpaka akamwaga mboga. Esteri alimkemea mtoto huku mwenyewe akificha kicheko kwenye kitenge.

Furaha hiyo haikudumu. Wiki chache baadaye, wakiwa wanakula, mtangazaji alishusha sauti yake kama mtu anayetaka kutoa siri.

"Salamu hizi zimwendee Esteri wa Rungwe Mpya," alisema. "Anayekusalimu yuko Kibondo. Anasema amekutafuta miaka mingi, na tangu apate habari zako moyo wake hautulii mchana wala usiku. Jina lake nalihifadhi, wasikilizaji wangu. Mapenzi yana siri zake."

Wimbo ukapigwa. Tharsisi aliacha tonge mkononi.

"Huyo Esteri ni nani?"

"Sijui, Baba Deborah. Labda ni mwingine."

"Rungwe Mpya hii ina akina Esteri wangapi?"

"Yuko yule bibi wa kwaya."

"Yule bibi ana vitukuu. Nani wa Kibondo anakosa usingizi kwa ajili yake?"

Alisema hivyo akicheka, na Esteri akacheka pia, lakini kicheko cha mumewe kilikatika mapema na cha kwake kikabaki peke yake. Usiku ule alijiuliza ni mwanamume gani huyo amjuaye kwa jina. Hakumpata hata mmoja.

Kuanzia hapo redio iliondoka ukutani ikahamia mapajani mwa Tharsisi. Alirudi shambani mapema ili asipitwe na kipindi. Ulipopigwa ule muziki wa kufungulia salamu, watoto walinyamaza bila kuambiwa, na Esteri alitafuta kazi ya kufanya kwa mikono yake, kusugua sufuria iliyokwisha takata au kuchambua maharage yaliyokwisha chambuliwa. Zilipita jioni nyingi bila jina lake kutajwa. Ungedhani Tharsisi angepoa. Badala yake kila ukimya wa redio ulimpa nafasi ya kuwaza. Alimwuliza mkewe nani alimsalimu sokoni. Alimwuliza kwa nini amebadili njia ya kwenda kisimani. Kisha akachukua kitochi cha Esteri, kile kisimu kidogo alichokuwa akimpigia shangazi yake, akakitia mfukoni na asikirudishe.

Esteri alianza kuishi kwa kumsoma mumewe mgongo. Mabega yakiwa yamelegea, alimwekea chakula na kukaa. Yakiwa yamepanda, aliweka chakula na kutoka nje. Hebu fikirini, ndugu zangu, mtu kuogopa mgongo wa mwanamume aliyelala naye kitanda kimoja miaka yote ile.

Salamu za pili zikaja.

"Yule mpenzi wetu wa Kibondo amerudi," alisema mtangazaji, na furaha ilikuwa wazi sautini mwake. "Esteri, anakuita Kanyoni. Anasema, Kanyoni wangu, kama unanisikia, nijibu. Nani kama wewe, Kanyoni?"

Esteri alishika ukuta. Kanyoni, yaani kandege kadogo. Hakuna mtu wa Rungwe Mpya aliyelijua jina hilo. Lilikuwa jina la nyumbani kwao Burundi, kabla ya vita kuwatoa. Lilitajwa na mama yake, ambaye alizikwa Esteri akiona, na lilitajwa na kaka yake Anania, aliyepotea walipokuwa wakivuka mto Malagarasi kuingia Tanzania. Esteri alikuwa mtoto mdogo, akibebwa mgongoni mwa shangazi kila alipochoka, na Anania alikuwa mvulana wa kutembea mwenyewe. Baadaye mtu mmoja alifika na kusema ameuona mwili wake ukingoni. Waliweka matanga bila kaburi.

"Baba Deborah," alisema, na sauti yake ilitetemeka kwa mambo mawili, furaha na hofu. "Huyo ni Anania. Ni kaka yangu. Hakuna mwingine anayeniita hivyo."

Tharsisi alizima redio taratibu.

"Kaka yako amekufa. Ulinilia hapa, kwenye kifua hiki. Kila mwaka tunalitaja jina lake kanisani pamoja na marehemu."

"Tuliambiwa amekufa. Sikumwona."

"Kwa hiyo wafu wa Malagarasi siku hizi wanapiga simu redioni."

"Nipe simu niwaulize pale redioni. Nipe mbele yako, usikilize mwenyewe."

"Ili umwambie aseme nini? Umepata jina zuri la kumfichia, Esteri. Jina la marehemu."

Hakumwita Mama Deborah kama alivyozoea. Esteri alilisikia hilo kuliko maneno mengine yote.

Hapa naomba nisimame kidogo. Yuko mtu kati yenu atakayesema, angemwambia waziwazi mumewe. Alimwambia, tena siku ileile, kwa mdomo wake, bila kuficha neno. Ukweli ulikuwa umekaa pale kwenye mkeka, umebaki tu kuulizwa maswali mawili matatu. Tharsisi hakuuliza.

Alhamisi moja mtangazaji alitoa habari ambayo, nasikia, hata kule mjini watu waliisubiri kama mechi. Mpenzi wa Kibondo atakuja. Jumamosi atapanda gari la asubuhi na kushuka njia panda ya Rungwe Mpya, na anamwomba Kanyoni wake ampokee. Tharsisi alisikiliza mpaka mwisho, mpaka wimbo ukaisha. Kisha akainuka, akaenda nyuma ya nyumba, na Esteri akasikia panga likipita kwenye jiwe la kunolea. Lilipita taratibu, likarudi, likapita tena. Hakuna kazi ya panga shambani majira yale.

Ijumaa asubuhi Esteri alijitwika beseni kama anayekwenda kisimani, akafika kwa mzee Venanti, mwenyekiti wa kitongoji. Alimkuta akitengeneza banda la mbuzi.

"Mwaramutse, mzee. Nimekuja na shida."

"Sema, binti yangu."

Akamweleza yote, salamu, jina, jiwe la kunolea. Venanti alisikiliza akiwa ameshika nyundo.

"Tharsisi namjua," alisema. "Ni mtu wa kanisa. Huo ni wivu wa kawaida, utapita. Hayo ni ya chumbani, mama. Nikiingia leo, kesho mtanicheka mmepatana."

"Mzee, mtu atauawa kesho pale njia panda."

"Usitamke mambo mazito hivyo. Nenda nyumbani, mpikie vizuri, mwongee. Jumatatu nitapita kuwasalimia."

Akarudia misumari yake. Naye si mtu mbaya, Venanti. Alikuwa na banda la kumaliza.

Esteri alipita kwa jirani yake Gentille, akamwomba simu. Gentille alisita, kisha akamfungia ndani ya chumba chake na kuweka mwanawe mlangoni. Esteri alitaka jambo moja tu, namba ya Anania, amwambie asije. Lakini namba aliyokuwa nayo ni ile ya kipindi, inayotangazwa kila siku, na ilipokelewa tu kipindi kikiwa hewani. Alisubiri mpaka jioni. Alipiga mara nyingi ndipo ikashika.

"Naitwa Esteri, wa Rungwe Mpya. Naomba namba ya huyo mtu wa Kibondo."

"Wasikilizaji," alisema mtangazaji, "siamini. Kanyoni mwenyewe yuko hewani."

Esteri hakuwa amejua kwamba walikuwa wakisikika.

"Kijana, usinitangaze. Nipe namba tu."

"Mwambie mwenyewe, anakusikia. Mwambie neno moja tamu."

Afanye nini? Labda kweli Anania alikuwa akisikiliza. Labda hiyo ndiyo nafasi pekee.

"Usije," alisema. "Tafadhali usije kesho. Mume wangu anajua. Atakuumiza. Usije."

Simu ikakatika. Alisikia kutoka redio ya sebuleni kwa Gentille yule kijana akicheka na kusema mapenzi ya kweli hayaogopi mume, kisha wimbo ukaanza.

Sasa sikilizeni ilivyokuwa upande wa pili. Tharsisi hakuwa nyumbani jioni ile. Leonidasi, rafiki yake wa siku nyingi, alikuwa amemvuta mpaka kwenye kilabu cha pombe ya ndizi amtulize, na kilabuni kulikuwa na redio. Wanaume wote pale walimsikia Esteri kwa sauti yake mwenyewe akisema mume wangu anajua. Mmoja alipasuka kicheko. Leonidasi badala ya kumshika rafiki yake mkono na kutoka naye, alimpigapiga begani na kusema, "Pole, mwanangu. Basi kumbe ni kweli." Tharsisi aliweka kibuyu chini kikiwa bado kimejaa, akaenda zake. Na Anania hakusikia lolote. Alikuwa Kibondo kwenye cherehani yake, akimalizia gauni la dada yake.

Esteri alimkuta mumewe amekaa kitandani na viatu miguuni. Alitarajia kipigo, na pengine angekipokea kwa nafuu. Tharsisi alizungumza kwa upole, na upole huo ulimtisha kuliko kelele.

"Kesho tutakwenda pamoja kumpokea mgeni wako. Utanionyesha ni yupi."

"Mume wangu, nakuomba kwa ajili ya watoto."

"Ukipiga kelele barabarani nitaanza na wewe. Deborah na mdogo wake watalala kwa Gentille. Lala."

Jumamosi jua lilikuwa la kawaida. Walisimama njia panda bega kwa bega kama watu wanaosubiri mgeni wa harusi. Panga lilikuwa ndani ya gunia la katani chini ya kwapa la Tharsisi. Wanawake waliouza ndizi waliwasalimia. Vijana wa bodaboda walinong'ona na kutazamana, maana nao walikuwa na redio, lakini hakuna aliyesogea. Wengine, Mungu atusamehe, walikuwa wamekuja kutazama.

Esteri alikuwa amekesha akiwaza, na alfajiri alikuwa amefikia uamuzi mmoja. Hatamtambua. Kama ni Anania kweli, ataangalia chini, hatatikisa jicho, hatatoa machozi. Mtu atashuka, atatafuta, hatapata anayempokea, atarudi alikotoka akiwa mzima. Ni afadhali ampoteze tena akiwa hai.

Gari lilifika likiwa limejaa vumbi. Akashuka mama na kuku wake. Akashuka mwanafunzi wa chuo cha ualimu na begi mgongoni. Kisha akashuka mwanamume mwembamba mwenye mvi za mapema, ameshika mfuko wa nailoni kwa mikono miwili, na alipokanyaga chini alisimama mguu mmoja ukiwa umegeukia nje kidogo. Hivyo ndivyo baba yao alivyosimama. Esteri aliyatazama mavumbi miguuni pake.

"Ni huyo?" Tharsisi alimwuliza kwa sauti ya chini.

"Simjui."

"Mtazame."

"Nimemtazama. Simjui."

Alikuwa anasema uongo wa kwanza katika jambo lote lile, na huo ndio mumewe alioanza kuuamini. Gunia lilishuka kidogo kwapani. Yule mwanamume aliwapita, akawaendea wauza ndizi, akauliza kitu. Mwanamke mmoja, bila kuwaza, akamnyooshea kidole Esteri.

Anania aligeuka. Alimwangalia usoni, na midomo yake ikaanza kucheza.

"Kanyoni," alisema.

Akaja mbio, mikono wazi, mfuko ukiyumba. Esteri alisahau uamuzi wake wote. Alipiga kelele kwa lugha ya utoto wao, "Hunga! Hunga!", yaani kimbia, lakini mtu aliyemtafuta dada yake karibu miaka thelathini hawezi kukimbia akiwa amebakiza hatua chache. Panga lilitoka guniani. Anania aliinua mkono wa kulia kujikinga. Esteri alijitupa kati yao, akachelewa.

Vijana wa bodaboda walimdaka Tharsisi kabla hajainua panga mara ya pili. Walimshika shingo, wakamlaza chini. Na pale chini, shavu lake likiwa kwenye vumbi, alimwona yule mtu amekaa amejiegemeza kifuani kwa Esteri, damu ikilowesha gauni jipya lililotoka kwenye mfuko, naye Esteri amefunga mkono wake kwa kitenge. Nyuso mbili zilikuwa pamoja. Paji lilelile la uso, macho yaleyale, hata namna ya kukunja midomo kwa maumivu. Deborah pia alikuwa na uso huo.

"Ndi muramu wawe," Anania alimwambia Tharsisi kwa Kirundi, kwa mshangao wa mtu asiyeelewa kosa lake. Yaani, mimi ni shemeji yako.

Tharsisi alifumba macho. Vijana walisema baadaye kwamba hawakuhitaji kumshika tena. Aliketi palepale barabarani, akawasubiri polisi.

Anania alilazwa hospitalini Kasulu muda mrefu. Alipona, lakini mkono haukupona. Vidole havifungi, na fundi cherehani asiye na vidole vya kulia si fundi tena. Polisi walipoifungua simu yake walikuta ujumbe aliotuma redioni. Uliandikwa wazi: natafuta dada yangu Esteri, binti wa Ndayiragije, tulipotezana mtoni Malagarasi, nasikia yuko Rungwe Mpya. Yule kijana wa redio alipoulizwa alisema neno dada halikunoga, ndiyo maana aliliruka.

Tharsisi yuko gerezani. Esteri humpelekea sabuni na kuketi mbele yake mpaka muda uishe. Aliniambia Tharsisi hulia, naye hujaribu kulia pamoja naye, lakini mabega ya mumewe yakitikisika tu, mwili wake humrudisha nyuma kwenye kiti. Nyumbani Anania analima kwa mkono mmoja. Jioni huketi mlangoni pa jiko na kumsimulia dada yake maisha yake ya miaka yote waliyopotezana, na Deborah husikiliza akiwa mbali kidogo, upande wa mlango. Mtoto yule hajarudi bado kukaa karibu na mwanamume yeyote.

MAFUNZO

Redio ni chombo kizuri. Ndiyo iliyomwezesha Anania kumtafuta dada yake, na kama maneno yake yangesomwa yalivyoandikwa, siku ile njia panda tungecheza ngoma. Enyi mnaoshika vipaza sauti, jina la mtu si kiungo cha kunogeshea kipindi. Nyuma ya jina hilo kuna nyumba, na ndani ya nyumba kuna watoto.

Enyi viongozi wetu, na sisi majirani tuliokwenda kutazama, mwanamke akija na kusema anaogopa, msimwambie ni ya chumbani. Panga halikubaki chumbani. Venanti anajua hilo sasa, na hana raha.

Lakini neno kubwa ni kwetu sisi wanaume wenye wake. Tharsisi alimwamini kijana asiyemjua, aliye ndani ya kisanduku juu ya mapaja yake, akamkatalia mwanamke aliyemzalia watoto na kulala ubavuni pake. Redio aliisikiliza kwa masikio yote, jioni baada ya jioni, asipitwe na neno. Mkewe alimwambia ukweli mara moja tu, naye hakumpa hata muda wa wimbo mmoja.